Timu Sita Jirani, Skrini Tupu

Mtu aliyeko Tabora akilipia MLB.TV, huduma ya mtandaoni ya Ligi Kuu ya Besiboli ya Marekani, anawatazama Chicago Cubs wakipambana na St. Louis Cardinals moja kwa moja, mwanzo hadi mwisho. Mtu aliyeko Des Moines, jimboni Iowa, ambaye akiwasha gari asubuhi anafika uwanja wa Cubs mchana huohuo, akilipia huduma hiyohiyo anaambiwa mechi haipatikani katika eneo lake. Intaneti yake ni nzima na pesa zimeshakatwa kwenye kadi. Kosa lake ni kuishi karibu.

Wasemaji wengi wa Kiswahili waliohamia majimbo ya katikati ya Marekani, Wakongo, Warundi, Wakenya na Watanzania, hukutana na jambo hili watoto wao wanapoanza kuupenda mchezo shuleni. Mzazi anaona tangazo linaloahidi mechi za timu zote, analipa, kisha maandishi madogo yanamwambia kuwa timu anazozijua mwanawe ndizo hasa zilizoondolewa. Anajaribu kifurushi cha pili, halafu cha tatu. Msimu ukifika katikati ameshatumia mamia ya dola na bado hajui mechi ya leo iko wapi.

Kwa hiyo ushauri wa kwanza hauhusu bei. Kabla ya kuuliza kifurushi kipi ni nafuu, uliza nyumba yako imo katika himaya ya timu zipi. Jibu la swali hilo ndilo linaloamua kama dola 150 zitakununulia msimu mzima au zitakununulia mechi za watu wengine. Bei zinazotajwa hapa ni za msimu wa 2025, pale ambapo mwaka mwingine haukutajwa.

HIMAYA ZILIVYOGAWANYWA

MLB ina timu 30, na kila moja imegawiwa eneo lake la matangazo. Ndani ya eneo hilo timu huiuzia chaneli moja ya mkoa haki ya kuonyesha mechi zake. MLB.TV imetengenezwa kwa ajili ya walio nje. Aliye ndani hufungiwa ili alazimike kwenda kwa yule aliyenunua haki.

Mipaka hiyo haikufuata umbali ambao mtu wa kawaida anaweza kusafiri kwenda uwanjani, wala haikujali kama chaneli yenyewe inapatikana mtaani kwako. Tena himaya zinapandana. Iowa haina timu hata moja ya ligi kuu, lakini imo ndani ya himaya za timu sita kwa pamoja: Chicago Cubs, Chicago White Sox, St. Louis Cardinals, Kansas City Royals, Milwaukee Brewers na Minnesota Twins. Las Vegas nayo imebanwa na timu sita za magharibi. Canada yote, kutoka Halifax hadi Vancouver, ni himaya ya Toronto Blue Jays. Msomaji aliyeko Edmonton, maelfu ya kilomita kutoka Toronto, hawezi kuwaona Blue Jays moja kwa moja kwenye MLB.TV. Inambidi aende kwa Sportsnet, ambayo mmiliki wake, Rogers, ndiye mmiliki wa timu.

Wengi hawajui kwamba kizuizi hufuata timu, hakifuati uwanja. Cubs wakisafiri kucheza San Diego, Iowa imefungiwa vilevile. Na anayeumia si shabiki wa Cubs peke yake. Chukua shabiki wa New York Yankees anayeishi Cedar Rapids. Yankees wako mbali, kwa hiyo anadhani MLB.TV inamfaa kabisa. Lakini tangu 2023 ratiba inakutanisha kila timu na nyingine zote 29. Yankees hucheza na White Sox, Royals na Twins mara sita au saba kwa kila mmoja, na hukutana na Cubs, Cardinals na Brewers mara tatu tatu. Jumla ni mechi zisizopungua 27 kati ya 162. Sehemu moja ya sita ya msimu wake imefungwa kwa sababu ya mpinzani.

Siku ambayo timu zote zinacheza kuna mechi 15. Mtu wa Iowa hufungiwa kati ya tatu, kama majirani zake wanacheza wao kwa wao, na sita, kama kila jirani ana mgeni wake.

Juu ya hayo kuna mechi za kitaifa, ambazo ligi yenyewe huziuza kwa chaneli kubwa. Hizo mara nyingi hazimo hata kwenye chaneli ya timu yako. Ndiyo maana shabiki aliyelipia chaneli halali ya mkoa wake bado anaamka Ijumaa na kukuta mechi imehamia Apple TV.

KWA NINI WANAFANYA HIVI

Wapenzi wa soka wanajua jambo linalofanana nalo. Mechi za Jumamosi saa 9 alasiri nchini Uingereza hazionyeshwi kwenye televisheni za huko, ilhali Dar es Salaam na Nairobi watu wamejaa vibanda umiza wakizitazama. Nia ni kulinda viingilio vya uwanjani. Besiboli nayo ilianza na hofu hiyo. Mwaka 1934 timu tatu za New York zilikubaliana kutotangaza mechi zao redioni kwa miaka mitano, zikiamini kwamba atakayesikia bure hatanunua tiketi. Makubaliano yalivunjika 1939, Larry MacPhail wa Brooklyn Dodgers alipokataa kuyaendeleza. Tarehe 26 Agosti mwaka huohuo, mechi ya kwanza ya ligi kuu kuonyeshwa kwenye televisheni ilirushwa kutoka Ebbets Field, Brooklyn, Dodgers wakicheza na Cincinnati Reds mbele ya kamera mbili.

Kizuizi cha leo, hata hivyo, hakilindi viti. Hakuna anayetegemea kwamba mfanyakazi wa Des Moines ataendesha gari hadi Milwaukee Jumanne usiku kwa sababu televisheni imemnyima mechi. Kinacholindwa ni pesa za chaneli ya mkoa. Kwa miongo kadhaa chaneli hizo zilibebwa na kebo, na kila nyumba yenye kebo ilizilipia kupitia bili ya mwezi, hata nyumba ya bibi ambaye hajawahi kutazama besiboli. Pesa za wasiotazama ndizo zilizowalipa wachezaji. Chaneli ilikubali kutoa mabilioni kwa sharti moja tu: asiwepo mwingine wa kuuza mechi hizo katika eneo lake.

Dodgers, ambao siku hizi wako Los Angeles, ndio mfano mkubwa. Mkataba wao na Time Warner Cable ulikuwa wa dola bilioni 8.35 kwa miaka 25, wastani wa dola milioni 334 kwa mwaka. Chaneli ya SportsNet LA ilipoanza 2014, kampuni nyingine za kebo na satelaiti, DirecTV ikiwemo, zilikataa bei iliyotajwa. Kwa miaka sita sehemu kubwa ya Los Angeles haikuweza kuitazama timu ya jiji lake. Vin Scully, aliyeanza kuwatangaza Dodgers mwaka 1950, alistaafu 2016 wakati nyumba nyingi za jiji hilo zilikuwa hazina chaneli yake. Ilibidi mechi zake za mwisho zirushwe pia kwenye kituo cha bure, KTLA. DirecTV ilikubali kuichukua chaneli hiyo mwaka 2020.

Kisha watu wakaanza kukata kebo. Mwaka 2019 kampuni ya Sinclair ilinunua chaneli 21 za mikoa zilizokuwa za Fox, kwa thamani iliyozidi dola bilioni 10, sehemu kubwa ikiwa mkopo. Chaneli zikaitwa Bally Sports. Wateja waliendelea kuondoka, deni likabaki palepale. Machi 2023 kampuni tanzu iliyozimiliki, Diamond Sports Group, iliomba kinga ya mahakama ya ufilisi. Mwisho wa Mei mwaka huo ilishindwa kuwalipa San Diego Padres, na ligi ikachukua matangazo ya timu hiyo mikononi mwake. Arizona Diamondbacks walifuata Julai. Oktoba 2024 chaneli zilizobaki zilibadilishwa jina tena na kuitwa FanDuel Sports Network, na Januari 2025 kampuni ikatoka mahakamani ikiitwa Main Street Sports Group. Ukisikia mtu anauliza Bally imekwenda wapi, usimcheke. Majina matatu yamepita katika miaka minne.

Mashabiki walijaribu sheria. Mwaka 2012 walifungua kesi wakidai himaya hizi zinaua ushindani. Kesi ilimalizwa kwa maelewano Januari 2016: bei ya MLB.TV ikashushwa, na ligi ikalazimika kuuza kifurushi cha timu moja. Himaya zenyewe hazikuguswa.

Linganisha na Tanzania. Mwaka 2021 Azam Media ilisaini na TFF, shirikisho la soka la nchi hiyo, mkataba wa miaka 10 wenye thamani ya shilingi bilioni 225 kwa Ligi Kuu nzima. Mtu anaweza kulalamikia ukiritimba, lakini swali la mechi ya Yanga itaonyeshwa wapi lina jibu moja, uwe Kariakoo au Kigoma. Besiboli ya Marekani imegawanya swali hilohilo kwa timu 30, na kila moja ina jibu lake.

NJIA ZILIZOPO NA BEI ZAKE

Tuanze na za bure na za bei ndogo, kwa sababu ndizo zinazosahauliwa kwanza.

Redio. Sauti haina vizuizi vya himaya. Usajili wa sauti pekee wa ligi ni takriban dola 30 kwa mwaka, nao unakupa watangazaji wa timu zote, za nyumbani na za ugenini. Redio ya kawaida haina malipo kabisa. KMOX ya St. Louis, kwenye 1120 AM, ina nguvu ya wati 50,000, na usiku mawimbi yake hufika majimbo mengi ya jirani yakiwa na mechi za Cardinals. Waliokulia kwenye mpira wa redioni hawatahitaji kufundishwa kutazama kwa masikio.

Antena. Ya ndani hupatikana kwa dola 20 hadi 40, unalipa mara moja tu. Fox huonyesha mechi Jumamosi, na World Series, yaani fainali ya ligi, imekuwa Fox kila mwaka tangu 2000. Kwa mtu anayetaka mechi ya wikiendi na fainali ya Oktoba, antena imemaliza kazi. Mwaka 2021 White Sox na Yankees walicheza katikati ya mashamba ya mahindi huko Dyersville, Iowa, White Sox wakashinda 9 kwa 8. Kwa kuwa mechi ilikuwa Fox, wenyeji wa Iowa waliiona bila shida. Ingekuwa kwenye chaneli ya mkoa, wengi wao wangefungiwa mechi iliyochezwa jimboni kwao.

Marudio. Mechi iliyofungiwa hufunguliwa kwenye MLB.TV takriban dakika 90 baada ya kumalizika. Tangu saa ya kumhesabia mrushaji muda wa kurusha mpira ilipoanza kutumika 2023, mechi huchukua kama saa mbili na dakika 40. Mechi ya saa 12:40 jioni huisha karibu saa 3:20 usiku, na kabla ya saa 5 usiku inaweza kutazamwa yote. Programu ina sehemu ya kuficha matokeo. Iwashe kabla hujafungua kitu kingine chochote.

T-Mobile. Kampuni hii ya simu imekuwa ikiwapa wateja wake MLB.TV ya msimu mzima bila malipo tangu 2016. Ofa hutolewa kwa siku chache msimu unapoanza, na lazima uidai mwenyewe kupitia programu ya kampuni. Familia nyingi zina laini za T-Mobile na hazijui ofa hii. Muulize shemeji au binamu kabla ya kulipa dola 150. Vizuizi vya himaya vinabaki vilevile.

MLB.TV ya kulipia. Timu zote ni dola 149.99 kwa msimu au dola 29.99 kwa mwezi. Timu moja ni dola 129.99. Tofauti ni dola 20, na kwa dola hizo unapata timu 29 zaidi, kwa hiyo kifurushi cha timu moja kina maana kwa wachache sana. Mwezi kwa mwezi kwa miezi sita ni dola 179.94, ghali kuliko msimu. Mwezi mmoja mmoja unafaa tu kwa anayetaka miezi michache ya mwisho.

Chaneli ya timu bila kebo. Hii ndiyo njia mpya, na ndiyo inayoanza kuvunja tatizo lenyewe. Timu ambazo matangazo yao yanaendeshwa na ligi, kama Twins, Padres, Diamondbacks, Colorado Rockies na Cleveland Guardians, ziliwauzia mechi zao moja kwa moja walio ndani ya himaya kwa dola 19.99 kwa mwezi au 99.99 kwa msimu. Ukiunganisha na MLB.TV, bei ilikuwa takriban dola 200 kwa vyote viwili. Marquee, chaneli ya Cubs iliyoanza 2020, ilikuwa dola 19.99 kwa mwezi. FanDuel, iliyokuwa na Cardinals, Royals na Brewers, nayo dola 19.99 kwa mwezi kwa chaneli ya mkoa mmoja.

Kebo, satelaiti na vifurushi vinavyofanana nayo mtandaoni. YouTube TV ni dola 82.99 kwa mwezi. Kwa miezi saba, Machi hadi Septemba, ni dola 580.93. Na kwa bei hiyo usidhani timu imo ndani: YouTube TV iliziacha chaneli za mikoa za Sinclair mwaka 2020. DirecTV ndiyo iliyobaki na nyingi zaidi. Comcast, kampuni ya kebo, ilikosa chaneli za Bally kwa miezi mitatu mwaka 2024, na ziliporudi Agosti ziliwekwa kwenye daraja la bei ya juu. Njia hii ina maana kama nyumba inatazama habari, tamthilia na michezo mingine pia. Kwa besiboli peke yake ni hasara.

Huduma za kitaifa. Apple TV huonyesha mechi mbili kila Ijumaa tangu 2022, na bei yake ilipanda Agosti 2025 kutoka dola 9.99 hadi 12.99 kwa mwezi. Novemba 2025 ligi ilitangaza mikataba mipya ya 2026 hadi 2028: Jumapili usiku inahamia NBC na Peacock, Netflix inapata mechi ya ufunguzi na shindano la kupiga mipira mirefu, na ESPN inachukua uuzaji wa MLB.TV. Usinunue huduma hizi kwa mwaka ili kufukuzia timu moja. Timu yako itaonekana humo usiku wachache tu.

NANI ACHAGUE NINI

Shabiki wa Twins anayeishi Minnesota au Iowa alikuwa na hesabu rahisi. Dola 99.99 kwa msimu ni nafuu kuliko miezi sita ya dola 19.99, inayofika dola 119.94. Lakini fanya hesabu ya pili. Akitazama mechi 150, kila moja imemgharimu chini ya senti 70. Akitazama 20, kila moja ni dola 5. Watu hununua msimu mzima wakiwa na hamu ya Aprili, kisha Juni wanaacha kufungua programu. Kama una shaka, lipia mwezi mmoja uone unatazama mara ngapi.

Shabiki wa Cubs aliyeko Des Moines asinunue MLB.TV kwa ajili ya Cubs. Hatawaona moja kwa moja hata siku moja. Ushabiki wa Cubs jimboni humo ulikuzwa na kituo cha WGN cha Chicago, kilichoanza kuwaonyesha mwaka 1948 na baadaye kikasambaa nchi nzima kupitia kebo; kiliacha kuwaonyesha kabisa mwaka 2019, Marquee ikachukua nafasi yake. Kwake yeye Marquee ya Julai hadi Septemba ni dola 59.97, na ndiyo miezi ambayo mbio za ubingwa zimeiva. Na mjini kwake, kwenye uwanja wa Principal Park, wanacheza Iowa Cubs, timu ya daraja la chini kidogo ambako vijana wa Cubs hupikwa. Mtoto atawaona kwa macho wachezaji wa kesho, na hakuna kizuizi cha himaya getini.

Shabiki wa timu ya mbali, Yankees, Dodgers au Boston Red Sox, ndiye mteja halisi wa MLB.TV. Apate ya T-Mobile ikiwezekana, ama alipe dola 149.99, akijua kwamba mechi zile dhidi ya timu sita za jirani zitamfikia kama marudio.

Anayefanya kazi zamu ya jioni, kiwandani au hospitalini, kizuizi hakimhusu sana. Anapotoka kazini usiku wa manane, mechi nyingi za jioni zimekwisha, na nyingi ya zile zilizofungiwa zimeshafunguliwa. Kwake MLB.TV ina karibu kila kitu, hata timu za jirani. Huyu ndiye anayepata thamani kubwa kuliko wote kwa bei ileile, na mara nyingi ndiye aliyeambiwa na wenzake kazini asiinunue kwa sababu mechi zinafungiwa.

Dereva wa lori ana hali ya peke yake. Mfumo hauangalii anwani ya bili. Huangalia mahali kifaa kilipo saa hiyo, na simu hutumia GPS. Akiwa Iowa, Cubs wamefungwa. Akifika Georgia, Cubs wamefunguka na Atlanta Braves wamefungwa. Chaneli ya timu nayo hukataa akitoka nje ya himaya. Kwa mtu ambaye kila siku yuko jimbo jingine, na macho yake yanapaswa kuwa barabarani, usajili wa sauti wa dola 30 unashinda vifurushi vyote.

Familia inayotaka kuonja mchezo bila kujifunga na timu yoyote ianze na antena na redio. Kwa pamoja hazizidi dola 70 mwaka wa kwanza, na mwaka wa pili antena tayari ipo.

MITEGO YA KUEPUKA

Usajili wa MLB.TV hujiongeza wenyewe kila mwaka. Ukiulipia Machi na ukausahau, Machi inayofuata kadi itakatwa bei ya mwaka mpya. Zima kujiongeza siku ileile unayolipa. Utaendelea kutazama hadi msimu uishe.

Watu wengi hushauriana kutumia VPN ili kompyuta ionekane iko mji mwingine. Masharti ya huduma yanakataza jambo hilo, akaunti inaweza kufungwa, na pesa yako haina mtetezi. Vile visanduku vya televisheni vinavyouzwa mkononi kwa ahadi ya chaneli zote za dunia ni hatari zaidi. Chaneli huzimwa katikati ya msimu, aliyekuuzia hapatikani, na hujui kifaa hicho kinafanya nini kwenye intaneti ya nyumbani ambako unaingilia benki.

Usilipie kebo kwa neno la muuzaji wa simu kwamba michezo yote imo. Muulize jina la chaneli ya timu yako, kisha muulize imo katika daraja gani la bei. Akisita, kata simu. Na usisaini mkataba wa mwaka na chaneli ya mkoa ambayo kampuni yake imewahi kuingia mahakama ya ufilisi. Mwezi kwa mwezi ni ghali kidogo kwa kila mechi, lakini chaneli ikibadili jina au mmiliki, hasara yako haizidi dola 20.

KABLA YA KULIPA

Tovuti ya ligi ina mahali pa kuandika msimbo wa posta wa tarakimu tano, nayo hukuorodheshea timu zilizofungiwa kwako. Fanya hilo kwanza, linachukua dakika moja. Halafu andika timu unayotaka na idadi ya mechi ambazo kweli utazitazama kwa wiki. Kama timu imo kwenye orodha, tafuta chaneli yake inayouzwa bila kebo. Kama haimo, MLB.TV, na T-Mobile kabla ya kadi ya benki. Kama mechi za wiki hazifiki mbili, antena na redio.

Kamishna wa ligi, Rob Manfred, amesema mara kadhaa kwamba anataka haki za matangazo za timu zikusanywe na kuuzwa kwa pamoja mikataba ya kitaifa itakapokwisha 2028. Timu tajiri zenye chaneli zao, Yankees na Dodgers miongoni mwao, zina mamilioni ya kupoteza katika mpango huo, kwa hiyo asiwepo wa kuahirisha ununuzi akisubiri ahadi. Kinachobadilika sasa hivi ni kidogo lakini cha kweli: mwaka hadi mwaka timu nyingi zaidi zinamuuzia jirani yao mechi moja kwa moja. Angalia upya kila Machi kama timu yako imejiunga nazo, na mpaka umeangalia, usiongeze usajili wa mwaka jana hata kama kadi yako iko tayari.